Kava Jeupe la Stourbridge: Uchambuzi wa Albamu ya Kwanza ya Diamond Head

Santuri yenyewe haikuwa na jina. Mwaka 1980 nakala 1,000 zilichapishwa kwa gharama za watu binafsi katika eneo la kati la Uingereza, zikawekwa ndani ya kava la karatasi ngumu nyeupe lisilo na picha, lisilo na jina la albamu wala orodha ya nyimbo. Kitu pekee kilichoipamba kila nakala kilikuwa sahihi ya kalamu ya mmoja wa vijana wanne wa bendi. Bei ilikuwa pauni 3.50, na aliyeitaka aliinunua kwenye maonyesho ya bendi au aliagiza kwa posta. Aliyefika nayo nyumbani na kuupenda wimbo wa tatu hakuwa na namna ya kujua unaitwaje, isipokuwa aubahatishe kutokana na maneno ya kiitikio.

Bendi hiyo ni Diamond Head, na albamu hiyo, ambayo mashabiki waliiita tu ile nyeupe, baadaye ilikuja kujulikana kwa jina la wimbo wake wa kwanza, Lightning to the Nations. Wapenzi wa hevi metali, yaani roki nzito ya magitaa yenye kelele, huizungumzia kwa sauti ya chini kana kwamba wanazungumzia hirizi, na weupe wa kava lake umekuwa sehemu ya fumbo. Mimi nina maoni tofauti kidogo. Weupe ule haukuwa wazo la kisanii. Ulikuwa alama ya mpango wa kibiashara uliokwama, na kisa chote cha albamu hii kinaeleweka vizuri zaidi mtu akianzia hapo. Swali la kuchambua ni hili: imekuwaje kazi iliyouzwa kwa uchache kiasi hicho ikawa msingi wa muziki uliouza mamilioni mikononi mwa watu wengine, ilhali walioitunga walisambaratika miaka mitano tu baada ya kuitoa?

Stourbridge ni mji mdogo uliojulikana kwa viwanda vya vioo, si mbali na Birmingham, jiji lililozaa Black Sabbath, bendi kongwe ya hevi metali. Mwezi Juni 1976, wanafunzi wawili wa shule moja, Brian Tatler aliyekuwa na gitaa na Duncan Scott aliyetaka kupiga drami, walianza kufanya mazoezi chumbani kwa Tatler. Scott hakuwa na drami za kweli, kwa hiyo alianza kwa kupiga makopo ya biskuti. Ukutani mwa chumba hicho palikuwa na bango la albamu ya mwaka 1975 ya Phil Manzanera, mpiga gitaa wa Roxy Music, iliyoitwa Diamond Head, na jina la bendi lilitoka hapo. Sean Harris alijiunga akiwa mwimbaji, na Colin Kimberley akaja baadaye kushika besi. Hawakuwa wanamuziki wa kukodiwa waliokutana mjini kutafuta riziki. Walikuwa marafiki wa mtaa mmoja waliojifunza pamoja, wakakosea pamoja, na kwa miaka kadhaa wakatunga nyimbo bila mtu mzima wa kuwaambia kwamba wimbo wa dakika saba ni mrefu mno.

Jambo hilo la mwisho si dogo. Katika miaka hiyo vijana wa Uingereza walikuwa wametekwa na panki, muziki wa nyimbo fupi zenye hasira, na hevi metali ilionekana kuwa mali ya kaka zao wakubwa. Mwaka 1979 gazeti la muziki la Sounds lilianza kuziandika bendi changa zilizokuwa zikiirudisha hevi metali kwa kasi na njaa ya panki, na likazipa jina la pamoja: Wimbi Jipya la Hevi Metali ya Uingereza. Kampuni kubwa za kurekodi ziliamka. Katika majira ya machipuko ya 1980 Def Leppard walitoa albamu yao ya kwanza, Iron Maiden wakatoa yao kupitia EMI na kufika nafasi ya 4 katika chati za Uingereza, na Saxon nao wakaingia katika tano bora kwa albamu yao ya pili. Diamond Head walikuwa wamekwisha kutangulia jukwaani mbele ya AC/DC, na Geoff Barton wa Sounds aliwasifu kupita kiasi, hata akadai kwamba wimbo wao mmoja wa kawaida una rifu nzuri nyingi kuliko albamu nne za mwanzo za Black Sabbath zikijumlishwa. Rifu, kwa msomaji asiyeufuatilia muziki huu, ni kile kifungu kifupi cha gitaa kinachorudiwarudiwa na kuubeba wimbo kama nguzo inavyobeba paa.

Pamoja na sifa hizo zote, hakuna kampuni kubwa iliyowasaini mwaka huo. Waswahili husema mgema akisifiwa tembo hulitia maji, lakini hapa tembo lilibaki kali. Kilichoharibika ni hesabu ya muuzaji. Bendi ilisimamiwa na Linda Harris, mama yake mwimbaji, pamoja na Reg Fellows, mfanyabiashara aliyekuwa na kiwanda cha maboksi. Hawakuwa watu wa tasnia ya muziki, na waliamini kwamba kipaji kikubwa namna ile kitazifanya kampuni zigombanie mlangoni. Hesabu yao haikuwa ya kijinga kama inavyoonekana leo: kama albamu nzima itarekodiwa mapema, kampuni itakayoichukua haitakuwa na gharama ya studio, itabaki kuichapisha tu na kuisambaza. Kosa lao lilikuwa kudhani kwamba kampuni kubwa hununua nyimbo. Kampuni ya aina ile ilikuwa inanunua kitu kinachokwenda na wakati, yaani bendi yenye meneja anayejulikana, ratiba ya maonyesho na picha magazetini, na dirisha la wakati huo lilikuwa linafungwa mwezi baada ya mwezi.

Kurekodi kulifanyika katika studio ya The Old Smithy, karibu na Worcester, kwa muda wa siku saba. Mwenye studio, Muff Murfin, ndiye pia aliyekuwa na lebo ndogo ya Happy Face, ambayo jina lake lilitumika kuitoa santuri. Siku saba kwa nyimbo saba ni muda mfupi, lakini haukuwapunja kama mtu angedhani, kwa sababu nyimbo zilikuwa zimekwisha kupikwa jukwaani. Hakukuwa na haja ya kutafuta mpangilio studioni wala nafasi ya kubadili mawazo. Kinachosikika ni bendi inayopiga kitu inachokijua hadi vidoleni, ndani ya chumba kisicho na anasa, na ndiyo maana mlio wake una ukavu unaompendeza shabiki wa leo kuliko ulivyompendeza mtu wa kampuni ya wakati ule.

Katika nyimbo hizo saba, wimbo unaostahili kukaliwa kitako ni Am I Evil?, wenye dakika 7 na sekunde 42. Unaanza kwa drami na magitaa yanayogonga kwa pamoja mdundo mzito wa kijeshi, uliochotwa kutoka Mars, sehemu ya kwanza ya utunzi wa okestra wa Gustav Holst kuhusu sayari. Vijana wa Stourbridge waliuchukua muziki wa vita ulioandikwa kwa ajili ya okestra kamili wakaupiga kwa vyombo vitatu, na ajabu ni kwamba hawakuonekana kufanya mzaha. Kisha gitaa linabaki peke yake, linapanda kwa noti za haraka zinazomiminika kama shanga zilizokatika uzi, linanyamaza, na hapo ndipo rifu kuu inapoingia: ya polepole, yenye nafasi baina ya pigo na pigo, kiasi kwamba mtu anayeisikia mara ya kwanza hujikuta ametikisa kichwa kabla hajaamua kama ameipenda. Harris anaimba habari za mtoto wa mchawi aliyechomwa moto, naye mtoto huyo anataka kulipiza kisasi. Maneno si makubwa, lakini sauti yake ni ya juu, yenye madaha, karibu na mahubiri. Kisha, wimbo ukiwa umemzoesha msikilizaji mwendo huo wa tembo, mwendo unabadilika ghafla na kuwa wa mbio, na Tatler anaingia katika solo ndefu iliyopangwa hatua kwa hatua, ambayo haifanani hata kidogo na ile kawaida ya kupapasa papasa nyuzi hadi zamu iishe.

Huo ndio mchango wa kiufundi wa albamu hii. Bendi nyingi za wimbi lile zilitunga wimbo kwa rifu moja au mbili, beti, kiitikio, solo, na kurudi nyumbani. Diamond Head waliunganisha rifu nyingi katika wimbo mmoja na kubadilisha mwendo katikati bila kuomba ruhusa, na bado wimbo ukashikamana. The Prince na Helpless hufanya hivyo kwa kasi zaidi. Sucking My Love huchukua zaidi ya dakika tisa, na kwa maoni yangu hukaa mezani muda mrefu kuliko ilivyoalikwa, ingawa sehemu yake ya katikati inayotulia ina uzuri wake. Sweet and Innocent ni wimbo wa kawaida ambao bendi yoyote ya mwaka 1980 ingeweza kuutunga, na kuwapo kwake kunakumbusha kwamba waliounda kazi hii walikuwa vijana wa umri wa miaka ishirini tu, waliotaka pia kupendwa na wasichana.

Kazi ilipokamilika na kampuni zisigombanie mlangoni, ndipo mpango wa dharura ulipoingia: kuichapisha wenyewe kwa bei rahisi iwezekanavyo. Kava lenye picha lingehitaji mchoraji na mpiga chapa, na kava jeupe halikuhitaji chochote isipokuwa kalamu. Tangazo la kuagiza kwa posta lilitoka katika Sounds kwa muda wa wiki sita. Tukipiga hesabu ya haraka, hata kama kila nakala ya toleo la kwanza ingeuzwa kwa bei kamili, mapato yote yangekuwa pauni 3,500 kabla ya kuondoa gharama za kuchapisha, posta na tangazo. Kwa fedha hiyo bendi ya watu wanne haiwezi kuzunguka nchi. Mwaka 1981 lebo ya Kijerumani iitwayo Woolfe iliitoa albamu hiyo huko Ujerumani ikiwa na kava lake yenyewe, na kwa ajili hiyo ilipelekewa kanda mama, yaani kanda za asili za kurekodia ambazo santuri huchapishwa kutoka kwazo. Kanda hizo hazikurudi Uingereza kwa miaka mingi. Fikiria mzazi anayempeleka mtoto kwa jamaa wa mbali kwa wiki mbili, kisha anakaa miaka bila barua. Ndivyo walivyoishi na kazi yao bora kuliko zote.

Kampuni kubwa ilikuja hatimaye, nayo ni MCA, iliyowasaini mwanzoni mwa 1982. Albamu ya Borrowed Time ilitoka mwaka huo, ikafika nafasi ya 24 katika chati za Uingereza, na safari hii kava lilikuwa la kukunjuka, lenye mchoro wa Rodney Matthews uliojaa rangi na ndoto. Husemwa kwamba MCA ilikuwa haijapata kulipia kava ghali kuliko hilo. Kutoka kava lisilo na kitu hadi kava ghali kuliko yote kulipita miaka miwili tu. Mwaka 1983 ikafuata Canterbury, iliyojaribu muziki mpana na laini zaidi, na kama bahati mbaya haikutosha, nakala zake 20,000 za mwanzo zilikuwa na kasoro ya uchapishaji iliyoifanya sindano iruke. Scott na Kimberley walikwisha kuondoka katika kipindi cha kuirekodi. Kufikia 1985 MCA haikuwa nao tena, na bendi ikavunjika.

Ndani ya Borrowed Time kuna kitu ambacho mchambuzi wa kisa hiki hapaswi kukipita. Bendi ilirekodi upya nyimbo mbili za albamu nyeupe, Lightning to the Nations na Am I Evil?, ikiwa na studio nzuri zaidi na fedha za kampuni. Kwa hiyo tunao wimbo uleule, uliopigwa na watu walewale wanne, katika hali mbili tofauti, jambo ambalo ni nadra kulipata mtu anapotaka kujua sababu ya kitu kupendwa. Toleo la MCA ni safi, kila chombo kimewekwa mahali pake. Hata hivyo mashabiki wameendelea kulirudia lile la Worcester, na bendi zilizokuja kuupiga wimbo huo ziliufuata moyo wa lile la kwanza. Anayesema kwamba albamu nyeupe inaheshimiwa kwa sababu tu ya uadimu wake atabidi aeleze jambo hilo.

Mmoja wa walioiagiza alikuwa kijana wa Kidenishi, Lars Ulrich, ambaye familia yake ilikuwa imehamia California mwaka 1980. Huko alikokwenda hakuna jirani aliyezijua bendi hizi, na posta kutoka Uingereza ndiyo iliyokuwa mshipa wake wa damu. Julai 1981, akiwa na umri wa miaka 17, alipanda ndege hadi Uingereza kwenda kuwaona Diamond Head kwenye ukumbi wa Woolwich Odeon, London. Baada ya onyesho alipenya hadi nyuma ya jukwaa, akajitambulisha, na kwa kuwa hakuwa na mahali pa kufikia, alichukuliwa nyumbani. Alilala sakafuni chumbani kwa Tatler katika mfuko wa kulalia, kisha akakaa kwa Harris wiki kadhaa. Wenyeji wake hawakujua hata kama anapiga chombo. Walimwona shabiki mchangamfu aliyetoka mbali sana, anayesikiliza santuri usiku kucha na kufuatana nao mazoezini. Mtu anaweza kusoma vitabu vya muziki mwaka mzima asijifunze kile ambacho mgeni yule alijifunza kwa kukaa pembeni na kutazama jinsi watu wanne wanavyoshona rifu moja na nyingine.

Oktoba mwaka huohuo, akiwa amerudi Los Angeles, Ulrich alianzisha bendi ya Metallica, ile iliyokuja kuuza mamilioni, pamoja na James Hetfield. Onyesho lao la kwanza lilifanyika tarehe 14 Machi 1982 katika ukumbi wa Radio City, Anaheim. Walipiga nyimbo tisa, na nne kati ya hizo zilitoka katika albamu nyeupe: Helpless, Sucking My Love, Am I Evil? na The Prince. Nyimbo zao wenyewe zilikuwa mbili tu. Hawakujishughulisha kuwaeleza wasikilizaji kwamba nyingine ni za watu wengine, na kwa kuwa santuri ile karibu haikufika California, wengi waliondoka wakidhani kwamba wamezisikia nyimbo za vijana hao. Hapo ndipo uadimu ulipogeuka kuwa faida, ingawa haikuwa faida ya waliotunga.

Deni hilo lililipwa, na kwa njia ambayo wachache waliitarajia. Mwaka 1984 Metallica waliurekodi Am I Evil? na kuuweka upande wa pili wa Creeping Death. Mwaka 1987 wakarekodi Helpless, mwaka 1988 wakatoa The Prince, na mwaka 1998 It's Electric, yaani nyimbo nne kati ya saba za albamu ambayo karibu hakuna duka lililowahi kuiuza. Sheria ya hakimiliki hutofautisha waliotunga wimbo na waliourekodi, na kila Metallica walipouza nakala, mrabaha wa utunzi ulikwenda kwa Harris na Tatler, ambao majina yao ndiyo yaliyoandikwa kwenye nyimbo hizo. Kadiri Metallica walivyokua, ndivyo nyimbo zilizorekodiwa kwa siku saba zilivyoanza kulipa kuliko zilivyowahi kulipa zikiwa na sauti ya Harris. Lakini hapa pana chembe ya uchungu: Scott na Kimberley, ambao drami na besi zao ndizo zilizoipa albamu mwendo wake, hawakuwa watunzi kwenye karatasi, na mrabaha wa aina hii haumtambui aliyepiga makopo ya biskuti chumbani.

Je, lingetokea nini kama EMI au kampuni nyingine ingewachukua mwanzoni mwa 1980? Ninaamini wangekuwa bendi inayofahamika zaidi kwa miaka michache, pengine sambamba na Saxon, na albamu yao ya kwanza ingekuwa imefupishwa. Mtayarishaji wa kampuni angeuliza kwa nini wimbo mmoja unahitaji kubadilisha mwendo mara mbili, na redio ingehitaji jibu. Urefu na ukaidi uliowanyima mkataba ndio hasa Ulrich aliokwenda kujifunza kwao. Sisemi kwamba umaskini uliwafaa, maana waliouishi hawakuuona hivyo. Nasema kwamba kazi hii hasa isingepita katika mlango ule na kutoka ikiwa na sura ileile.

Harris na Tatler waliirudisha bendi mwanzoni mwa miaka ya 1990, na tarehe 5 Juni 1993 walifungua onyesho la Metallica katika uwanja wa National Bowl, Milton Keynes, mbele ya umati mkubwa ambao sehemu yake uliwajua kwa nyimbo za wengine. Miaka 17 baadaye, tarehe 22 Juni 2010 mjini Sofia, Bulgaria, Metallica, Slayer, Megadeth na Anthrax walishiriki tamasha moja lililorushwa pia katika majumba ya sinema. Ulipofika wakati wa wanamuziki wa bendi hizo nne kupanda jukwaani na kupiga pamoja, walihitaji wimbo ambao kila mmoja anaujua bila kufundishwa. Waliuchagua Am I Evil?

Mwaka 2020, miaka arobaini kamili baada ya kava jeupe, Diamond Head waliirekodi albamu yote upya. Katika wale wanne wa mwanzo alibaki Tatler peke yake, na mwimbaji sasa alikuwa Rasmus Bom Andersen, Mdenishi kama yule mgeni aliyelala sakafuni mwaka 1981. Baada ya nyimbo saba za asili waliongeza nne za bendi nyingine walizozipenda, na mojawapo ilikuwa No Remorse, kutoka albamu ya kwanza ya Metallica.